Mpiga Kinanda wa Kesha na Filamu Isiyosema

Saa nane usiku, kesha ya Ijumaa, kanisa la mabati mtaani Umoja, Nairobi. Mchungaji amehubiri tangu saa saba na sauti imeanza kukwaruza. Anasita katikati ya sentensi, anafumba macho, anashusha kipaza sauti hadi kifuani. Kabla hajatamka neno linalofuata, kijana aliye nyuma ya kinanda ameshaingia: kodi moja (ya muziki, nota kadhaa zikilia pamoja, si ile ya serikali), imelala chini kabisa, bila mdundo, kama moshi unaotambaa sakafuni. Mchungaji anapaza sauti, kinanda kinapanda naye. Mtu anaanza kulia katika safu ya nne. Kijana anamtupia jicho, anabadilisha kodi. Hana karatasi mbele yake. Hajui mahubiri yataishia wapi, na pengine mchungaji mwenyewe hajui. Mikono yake haitazami hata mara moja.

Nimepiga kinanda katika makanisa ya namna hiyo kwa miaka mingi, na ilinichukua muda kutambua kwamba kazi ya yule kijana ilikuwa na soko kubwa ajabu hapo zamani, mbali na madhabahu. Ilikuwa kazi ya sinema.

Filamu zilianza zikiwa bubu. Tangu Wafaransa ndugu Lumière walipowaonyesha picha zao watazamaji waliolipa kiingilio huko Paris, Desemba 1895, hadi Hollywood ilipoanza kuuza filamu zenye mazungumzo mwaka 1927, watu kwenye skrini walifungua vinywa na hakikutoka kitu. Kimya hicho kilijazwa na binadamu aliyekuwa ukumbini. Majumba makubwa yalikuwa na okestra. Majumba madogo yalikuwa na piano moja na mtu mmoja, ambaye mara nyingi aliiona filamu kwa mara ya kwanza pamoja na watazamaji wake. Fats Waller, gwiji wa jazz wa Marekani, alipiga ogani katika Lincoln Theatre, Harlem, New York, akiwa bado kijana mdogo, na Count Basie, gwiji mwingine wa jazz, alijifunza ogani kwake. Dmitri Shostakovich, mtunzi wa Urusi, alipiga piano kwenye sinema za Leningrad miaka ya 1920 ili nyumbani kupatikane chochote. Kilikuwa kibarua, tena cha kuchosha, na filamu zenye sauti zilipoenea maelfu ya wanamuziki walikipoteza katika muda wa miaka michache tu.

Siku hizi kimerudi kama sanaa. Huko Pordenone, Italia, tangu mwaka 1982 hufanyika tamasha la filamu bubu ambako wapiga piano huketi karibu na skrini na kubuni muziki papo hapo, filamu baada ya filamu. Watu hupanda ndege kwenda kuwasikiliza. Sisi Nairobi tunao watu wenye ujuzi wa aina hiyo hiyo, wanapiga ibada tatu kila Jumapili na kesha juu yake, ila hakuna anayewaita. Tumeamini kwamba piano na filamu ya kale ni starehe ya wageni wa balozi na glasi zao za mvinyo. Mimi nasema ni kazi ya kina yule kijana wa Umoja, ingawa kuna mambo mawili matatu itabidi ayasahau kwanza.

Piano jijini hapa ina milango miwili. Mmoja ni wa mitihani. Chuo cha muziki cha Kenya Conservatoire of Music kipo tangu 1944, na watoto wengi wa shule za kulipia hufanya mitihani ya gredi inayotungwa London, kuanzia 1 hadi 8: skeli, vipande vya kuandaa, kusoma nota usizozijua, zoezi la masikio. Ni mafunzo mazuri, vidole vinanyooka. Lakini nimewaona vijana wa gredi 8 wakiganda karatasi inapoondolewa, kama dereva wa lami aliyeambiwa apitie shambani. Mlango wa pili ni kanisa. Hapo hakuna nota. Unakaa karibu na anayekuzidi, unaiba kwa macho, siku moja anakwama kwenye msongamano wa magari na unaambiwa panda wewe. Mwimbishaji anaanzisha pambio kwa ki (kimo cha sauti cha wimbo) aliyoamka nayo asubuhi hiyo, nawe una sekunde mbili za kumpata. Wengi wetu tuna siri yetu: tunapiga kila kitu kwa ki moja na kubonyeza kile kitufe cha kuhamisha, kinachopandisha au kushusha kinanda kizima. Wa mlango wa kwanza hutucheka kwa hilo. Wana haki.

Msindikizaji wa filamu huketi pembeni kabisa, shingo imepinda, picha anaiona imelala mshazari. Vidole havitazami, maana akivitazama amepitwa. Ana dakika 80 au 90 mbele yake bila pumziko. Na kwa sikio la nyuma anawasikiliza watu: wamecheka kwa muda gani, wamenyamaza kwa namna gani, nani anakohoa kwa kuchoka. Kati ya milango ile miwili, ni mmoja tu unaofundisha haya.

Zamani walijaribu kuiweka kazi hii kwenye orodha. Kampuni ya Edison ilianza kuchapisha mapendekezo ya muziki wa filamu zake mwaka 1909. Mwaka 1924 Erno Rapée, aliyeongoza okestra za sinema New York, alitoa mkusanyiko mnene wa vipande vya piano na ogani uliopangwa kwa hali na matukio 52, na orodha yake ikachapwa pembeni mwa kurasa ili mkono ufungue upesi: mazishi, moto, reli, bembelezi, harusi, ndege, hata kukosa subira. Ilikuwepo pia sehemu moja iliyoitwa "Mashariki", ambayo ilitarajiwa kutosheleza nusu ya dunia.

Nilipoiona orodha hiyo nilicheka, kisha nikaacha kucheka, kwa sababu sisi tuna yetu ambayo haijaandikwa. Sadaka: mdundo mchangamfu, watu waje mbele wakicheza. Maombi: padi, ile sauti laini ya kinanda inayotanda, nyuzi kwa mbali. Ushindi: sebene, na gitaa la besi lipae. Toba: kodi nne zile zile ambazo kila mpigaji kuanzia Kangemi hadi Kayole anazijua hata akiamshwa usingizini. Ukimpa mpigaji wa kanisani filamu, atafungua orodha hiyo kichwani. Mwanamke analia, toba. Watu wanakimbizana, sadaka.

Na hapo ndipo penye kazi. Kanisani kinanda kimepewa jukumu la kumfikisha muumini. Watu wameketi wamechoka, wamewaza karo na kodi ya nyumba wiki nzima (hiyo sasa ndiyo kodi ya kweli), na ndani ya saa moja inabidi wasimame. Kwa hiyo tunapanda. Tunaanza chini, tunaongeza nyuzi, tunapandisha ki nusu hatua, tunapandisha tena, mpiga ngoma anaingia na hakuna aliyebaki kitini. Ni ufundi halali na siuonei haya. Lakini ipigie filamu ya dakika 85 namna hiyo uone. Dakika ya 20 watazamaji wako hoi, wamekwisha kufikishwa mara nne, na hadithi yenyewe bado haijatoka nyumbani. Filamu inahitaji mtu anayeweza kuanza kupanda, akaghairi. Anayeweza kuacha kodi ikining'inia dakika nzima bila kuirudisha nyumbani, kwa sababu yule mhusika naye hajajua kama atarudi.

Kosa jingine ni kuiga kila tendo. Mtu anajikwaa, kinanda nacho kinaanguka. Mlango unagongwa, vidole vinagonga. Mara ya kwanza inachekesha, mara ya kumi unamwambia mtazamaji kitu alichokwisha kukiona kwa macho yake. Neno la kazi hii tunalo, kusindikiza, na anayejua kusindikiza mgeni anajua karibu kila kitu. Unapomsindikiza mgeni hadi steji ya matatu hutangulii mbele, wala humvuti mkono. Unakwenda kwa mwendo wake. Akisimama kusalimia jirani, unasimama. Ukizidisha maneno atakosa gari la mwisho. Na kuna mahali mnaachana, yeye anakwenda, wewe unarudi.

Mara yangu ya kwanza kujaribu ilikuwa katika ukumbi mmoja wa mtaa huko Eastlands, watu kama thelathini, viti vya plastiki, shuka jeupe ukutani. Kibodi ilikuwa yangu, niliyoinunua barabara ya Luthuli. Pedali niliazima. Asiyepiga kinanda labda hajui kwamba pedali za kampuni tofauti hazisomeki sawa: kinanda kikiwashwa hukagua pedali iko katika hali gani, na yakikosana, mambo hugeuka. Kwa kawaida ukikanyaga, sauti inaendelea kulia, ukiachia, inakatika. Yangu ilikuwa kinyume. Nilipoinua mguu kila nota ilibaki ikielea, nota juu ya nota, hadi ukumbi ukasikika kama mtu anayeimba ndani ya tangi la maji. Ikanilazimu nikanyage wakati wote, na kuinua mguu kila nilipotaka sauti irefuke. Dakika ya 20 unyayo ulikuwa umekufa ganzi.

Juu ya hayo, faili ya filamu ilikwenda mbio. Filamu nyingi za enzi hizo zilipigwa kwa kamera ya kuzungushwa kwa mkono, picha 16 au 18 au zaidi kidogo kwa sekunde, kadiri ya mkono wa mzungushaji. Ukizionyesha kwa picha 24 za leo, watu hukimbia kama kuku waliotishwa. Anayezitengeneza kwa uangalifu hurekebisha mwendo huo. Aliyetupa hiyo yetu hakurekebisha. Palikuwa na mazishi, na jeneza likapita kama bodaboda. Nilikuwa nimeandaa muziki wa huzuni, taratibu. Watoto wakaangua kicheko, na mimi nikaendelea na huzuni yangu peke yangu.

Yule kijana wa kesha alikuwa amekuja kuniona. Tulipokuwa tukikunja nyaya akaniuliza, "Si ungezima tu kinanda na uwashe tena, mzee? Mguu ukiwa nje."

"Inachukua muda gani?"

"Sekunde kumi hivi."

"Na filamu?"

"Filamu si inaendelea tu."

Nilikuwa nimevumilia zaidi ya saa nzima ya maumivu ili kuepuka sekunde kumi za kimya. Kanisani kimya cha kinanda ni ajali: kikitokea watu hugeuka kutazama kama stima zimepotea. Mbele ya filamu, muziki ukikatika, kila mtu anasikia kiti chake, anasikia mvua kwenye paa, na picha inabaki peke yake. Mpigaji aliyefuzu hukiweka kimya hicho mahali anapotaka. Mimi nilikiogopa. Kijana, ambaye hajawahi kusoma nota hata moja, hakukiogopa.

Kitu kimoja usiku ule kilikwenda sawa, na hakikutoka kwangu. Maandishi kati ya picha yalikuwa ya Kiingereza. Nyuma yangu mama mmoja alikuwa akimtafsiria mwanawe, wala hakunong'ona, na baada ya muda safu nzima ilikuwa ikimsikiliza yeye. Nilipotambua hilo nikaanza kupunguza mkono kila maandishi yalipotokea, na kurudi alipomaliza. Hakuna muziki ulioandikwa Berlin au New York uliomwachia nafasi mama yule. Ndiyo maana, pamoja na heshima yangu kwa waliotunga muziki kamili wa filamu hizi na kwa okestra zinazoupiga, kwa ukumbi wa Nairobi nachagua kubuni. Watazamaji wetu hawanyamazi. Wanamwonya mhusika, wanabishana, mtu anapokea simu. Karatasi haiwezi kuwajibu.

Mama yule, kwa njia, ana ukoo mrefu. Kati ya 1935 na 1937 kulikuwa na mradi wa Waingereza wa filamu za mafunzo, makao yake Vugiri huko Usambara, Tanganyika, uliotengeneza filamu 35 na kuzitembeza Afrika Mashariki, Kenya ikiwemo. Picha zilikuwa upande mmoja na maelezo upande mwingine, yamerekodiwa kwenye sahani za santuri kwa lugha za wenyeji. Baadaye kitengo cha filamu cha serikali ya kikoloni, kilichoanzishwa 1939, kilituma magari ya sinema vijijini na filamu zisizo na sauti, na mkalimani Mwafrika akasimama na kipaza sauti kuwaeleza watu wanachokiona. Alitakiwa aseme yaliyoandikwa. Mimi siamini kwamba kila mkalimani aliyasema hayo tu. Ukimpa mtu kipaza sauti, giza na umati wa jirani zake, ataongeza chumvi.

Mjukuu wa wakalimani wale ni DJ Afro. Kwa miaka mingi, katika vibanda vya video vya Mathare na Kawangware na kwenye matatu za safari ndefu, amewapa Wakenya filamu za kigeni kwa Kiswahili na Sheng, akisema juu ya sauti za waigizaji, akicheka, akimkejeli jambazi. Tanzania walikuwa na msimulizi wao Lufufu, Uganda wana mavijei wao, wanaofanya kazi hiyo hiyo. Japani enzi za filamu bubu walikuwa na benshi, wasimulizi waliosimama kando ya skrini na ambao baadhi yao walivuta watu kuliko waigizaji. Filamu zenye sauti ziliwaondoa katika miaka ya 1930. Kwetu mambo yalikwenda kinyume: sauti ilikuwepo, nasi tukaiweka chini na kumpandisha msimulizi. Mtu asiniambie basi kwamba mkazi wa Nairobi hawezi kuelewa kwa nini binadamu aketi kando ya filamu na kuijazia. Amekulia humo. Ningependa siku moja kumsikia msimulizi wa aina hiyo na mpiga kinanda mmoja kwenye filamu moja, wakipokezana. Ukumbi haukosekani. Sinema za Odeon na Globe zimebaki majina ya steji na mzunguko wa barabara, lakini iliyokuwa sinema ya Shan pale Ngara bado ni ukumbi wa maonyesho.

Iko sababu nyingine inayonifanya niitake kazi hii hapa, na ndiyo inayoninyima usingizi. Baadhi ya filamu bubu zilipigwa kwetu. Mwingereza Cherry Kearton alimpiga picha za filamu Theodore Roosevelt, aliyekuwa rais wa Marekani, katika safari yake ya uwindaji ya 1909. Martin na Osa Johnson, mume na mke kutoka Marekani, waliishi Marsabit, kando ya Ziwa Paradise, miaka ya 1920, kamera mkononi. Katika filamu za aina hiyo wamo watu wetu, wanatembea, wanasema, na hakuna anayewasikia. Waliozipigia piano Ulaya na Marekani waliwapa muziki waliodhani unawafaa, na si vigumu kuukisia.

Basi tulikaa na yule kijana mbele ya kompyuta na kipande cha dakika kama nane, safari ya uwindaji, Kenya, miaka ya 1920. Wapagazi wanavuka mto kwa mstari, mizigo kichwani. Kabla yao kuna maandishi yanayowaita kwa neno ambalo sitalirudia hapa. Mara ya kwanza aliweka padi na nyuzi, kodi ndogo, huzuni ya toba. Nikamwambia hiyo ni orodha. Akaniuliza, "Kwani wanaenda wapi hawa?" Sikujua. Akarudisha nyuma, akaangalia mara tatu bila kugusa kinanda.

Mara ya nne, kwenye maandishi yale hakupiga kitu. Akaacha yasomeke kwenye kimya, makavu. Wapagazi walipotokea, mkono wa kushoto ukaingia na hatua zao, si sawasawa, maana mtu mwenye mzigo kwenye maji hatembei sawasawa. Kisha wa tatu kwenye mstari anageuka, anamwambia wa nyuma jambo fulani, na wote wawili wanacheka. Hapo mkono wa kulia wa kijana ukaweka kijisauti chepesi cha gitaa la sebene, juu kabisa, nota sita saba, kama mtu anayekumbuka utani. Akaachia.

Tulipokionyesha kipande hicho mtaani, watu walicheka pamoja na wale wapagazi wawili, karibu miaka mia moja baadaye. Mzee mmoja wa mbele hakucheka. Baadaye alinijia akasema mzigo wa mpagazi ulikuwa ratili 60, karibu kilo 27, kutwa nzima, na kwamba kijana wangu ameufanya mwepesi mno. Nilimwelewa. Nilimpelekea kijana maneno hayo, naye akanijibu kwamba mzigo aliupiga kwa mkono wa kushoto, mzee hakuusikiliza, na kwamba wale watu walicheka wenyewe, yeye hakuwachekesha. Nimeitazama tena mara kadhaa. Siku nyingine naona mzee ana haki, siku nyingine kijana.

Mwezi ujao tunaionyesha tena, na safari hii mzee ameahidi kuketi karibu na kinanda, upande wa kushoto. Pedali kijana anakuja na yake.